Safari ya Siku Moja: Je, Tuliona Nini?

Naomba nafasi katika gazeti letu nipate kutoa maoni juu ya jambo linalozungumzwa sana katika mabweni, nalo ni safari yetu ya mwezi wa Februari. Wasomaji watakumbuka kwamba katika mkutano wa wazazi wa muhula huu mzazi mmoja alisimama akasema kuwa fedha ya safari ile ilitupwa. Alisema, "Tembo mimi namwona bure anapokuja kula mahindi yangu. Kwa nini nimlipie mtoto nauli akamwone tena?" Watu walicheka, na wengine wakapiga makofi. Tangu siku ile yako maneno kwamba safari za masomo zikomeshwe kabisa.

Mimi nilikuwa mmoja wa waliokwenda. Sikubaliani na mzazi yule, ingawa namheshimu na najua kwamba hasara ya tembo si jambo la kuchekesha kwa mkulima. Lakini sikubaliani pia na wenzangu wanaosema kuwa safari ile haikuwa na kasoro. Naomba nieleze sababu zangu.

Tangazo lililobandikwa ubaoni lilisema tutakwenda Serengeti na Kreta ya Ngorongoro, kwenda na kurudi siku moja. Tulifurahi mno. Katika darasa la Jiografia tulikwisha kufundishwa kuwa kreta ile ilikuwa mlima mkubwa wa moto, na kwamba zaidi ya miaka milioni 2 iliyopita kilele chake kilididimia, kikaacha bonde la mviringo lenye eneo la kilometa za mraba 260 hivi na kuta zenye kimo cha mita 600 hivi. Nani asiyetaka kusimama ukingoni mwa kitu kama hicho?

Tuliondoka shuleni saa kumi za usiku. Tulipita barabara ya lami ya Bariadi hadi Lamadi, na kulipokucha tukawa tunangoja lango la Ndabaka lifunguliwe. Mvua ilikuwa imenyesha, na huko ndani udongo ni ule mweusi wa mbuga tunaoujua sote. Gari letu likakwama mara mbili. Saa saba mchana ndipo tulipofika kilima cha Naabi, mahali penye lango la kutoka Serengeti kuingia Ngorongoro. Hapo dereva na kiongozi wa safari wakatazama saa, wakasemezana, wakatuambia kwamba tukiendelea mbele hatutaweza kutoka hifadhini kabla ya jioni. Tukala chakula kwa nusu saa, tukageuka. Milima ya Ngorongoro tuliiona kwa mbali tu, ya rangi ya buluu kama wingu. Kreta hatukuiona.

Wengi walinuna njia nzima. Walisema tumenyimwa volkano. Mimi pia nilinuna, mpaka nilipokumbuka maneno aliyoyasema kiongozi wa safari wakati tukigombania chapati. Kijana yule alikuwa amesimama pembeni mwa kilima, akiuonyesha kwa fimbo uwanda ule usio na mwisho, na waliomsikiliza hatukuzidi sita. Alisema, "Mnaitafuta volkano huko mbele, nanyi mmekwisha kuikanyaga." Kisha akatueleza.

Alisema kuwa uwanda ule wa nyasi fupi umefunikwa na majivu ya milima ya moto ya upande wa mashariki, kama vile Kerimasi na Ol Doinyo Lengai, ambao Wamasai wanauita Mlima wa Mungu. Upepo uliyachukua majivu yale ukayatandaza upande wa magharibi kwa maelfu ya miaka. Mvua ikayeyusha chokaa iliyomo, nayo ikashuka chini kidogo ikaganda, ikawa tabaka gumu kama sakafu. Mizizi ya miti haiwezi kuipenya sakafu hiyo, ndiyo sababu huoni miti. Nyasi hupata mahali pa kushika kwa sababu mizizi yake ni mifupi. Na kwa kuwa majivu yana madini mengi, nyasi zile zina nguvu ya kumtengenezea mama maziwa na mtoto mifupa. Kwa hiyo nyumbu zaidi ya milioni moja hurudi pale kila mwaka kuzaa, na wengi huzaa katika majuma machache tu ya mwezi wa Februari. Ndama tuliowaona wakikimbia pembeni mwa mama zao walikuwa, kwa namna ya kusema, watoto wa volkano.

Na Ol Doinyo Lengai haujafa. Uliwaka kwa kishindo mwaka 2007, kabla mimi sijazaliwa. Ndio mlima pekee duniani ambao katika siku zetu hutoa lava ya namna yake: ni nyepesi, nyeusi kama mafuta machafu, haina joto kali kama lava nyingine, na ikikutana na unyevu hugeuka kuwa nyeupe. Majivu ya zamani ya milima ya upande ule yalitunza hata nyayo. Mwaka 1978 huko Laetoli, kusini ya Olduvai, kundi la Mary Leakey lilikuta nyayo za viumbe waliotembea kwa miguu miwili zaidi ya miaka milioni 3.6 iliyopita, zikiwa zimegandamana katika majivu ya volkano.

Yote hayo yalielezwa kwa dakika kumi, na karibu gari zima halikuyasikia.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya niandike. Mwenzangu ninayekaa naye dawati moja hakwenda. Mchango ulikuwa shilingi elfu arobaini, na nyumbani kwao pamba ilikuwa bado shambani. Tuliporudi usiku alitungoja bwenini akatuuliza, "Mliona nini?" Wote wakajibu kwa sauti moja, "Simba! Simba wawili chini ya mti!" Akauliza, "Mti gani?" Wakamwambia kuwa ulikuwa mti mmoja tu, peke yake uwandani. Naye akauliza, "Kwa nini mmoja tu?"

Hakuna aliyejibu. Kati ya wote tuliokwenda, hata mmoja hakuwa ameuliza swali hilo pale penyewe. Nikamweleza nilivyosikia juu ya tabaka gumu. Akafikiri kidogo, akasema, "Kumbe ni kama ibambasi ya kwetu. Baba alijaribu kupanda maembe pale, hayakushika." Basi yeye aliyebaki bwenini aliunganisha kwa dakika moja Serengeti na shamba la baba yake, na sisi tuliokwenda tulirudi na simba wawili. Niliona haya. Kama kuna mwanafunzi aliyestahili kiti katika gari lile, ni yeye.

Mwalimu wetu wa Jiografia aliwahi kutusimulia habari za Lanzarote, kisiwa cha Hispania kilicho karibu na pwani ya Afrika. Tangu mwaka 1730 hadi 1736 milima ya moto iliwaka huko, ikafunika vijiji na mashamba. Wakulima walipotazama vizuri waligundua kuwa majivu yale meusi hushika unyevu na kuzuia jua lisikaushe udongo ulio chini. Wakachimba mashimo mapana hadi kuufikia udongo wa zamani, wakapanda mzabibu ndani ya shimo, wakajenga ukuta wa mawe wa nusu duara kuukinga na upepo. Mvua ya kisiwa kile ni kidogo kuliko ya kwetu, lakini mahali paitwapo La Geria wanavuna zabibu mpaka leo. Wageni huletwa kwa mabasi, asubuhi wakaona milima ya moto ya Timanfaya na mchana mashamba ya mizabibu, na jioni wamekwisha kurudi.

Safari yao ya siku moja inafaa, na yetu haikufaa. Kwa nini? Kwanza, kisiwa ni kidogo, na mahali pale pawili ni karibu. Pili, wanaambiwa habari moja kuanzia asubuhi hadi jioni: moto uliharibu, na mkulima akautumia uharibifu ule. Sisi tulitaka habari mbili kubwa zilizo mbalimbali kwa siku moja. Mshika mbili moja humponyoka, na sisi karibu zituponyoke zote mbili.

Wala tusidhani kuwa maarifa ya namna ile ni ya ng'ambo tu. Dodoma ni nchi kavu, lakini wakulima wake huvuna zabibu mara mbili kwa mwaka. Na hapa kwetu wazee waliujua udongo kabla ya shule hazijajengwa: waliupa kila udongo jina lake, luseni ni wa mchanga, mbuga ni ule mweusi, wakajua upi wa kupanda nini. Walitenga ngitili ili ng'ombe wasikose malisho wakati wa kiangazi. Hicho nacho ni kitabu, ila hatujapelekwa kukisoma.

Kwa hiyo mapendekezo yangu ni haya.

Kwanza, safari zisikomeshwe. Namjibu mzazi wetu kwa adabu kwamba tembo anayemwona shambani anatoka katika pori lile lile tulilokwenda kujifunza. Mtoto wake asipojua kwa nini wanyama wanakwenda na kurudi, nani atakuja kumsaidia kulilinda shamba lake? Labda atafutwe mtu wa mbali, naye hajui hata ibambasi ni nini.

Pili, tuchague mahali pamoja tu kwa siku moja. Anayetaka tuione Kreta na atafute njia ya kulala usiku mmoja huko, au asiiandike katika tangazo.

Tatu, tufundishwe kabla ya kwenda. Juma moja la kusoma ramani, na kila mwanafunzi aende na daftari na swali lake moja. Kiongozi wa safari anapozungumza, chapati ingoje.

Nne, na hili ndilo kubwa kwangu, asibaki mtu kwa sababu ya fedha. Tunalo shamba la shule na bustani ya mboga. Mapato ya sehemu fulani yatengwe kwa safari tangu Januari, na wazazi wachange kidogo kidogo, si kwa mara moja wakati pamba haijauzwa. Na ikiwa hata hivyo fedha haitoshi kwenda mbali, basi twende karibu. Twende kwa miguu tukaone mbuga, luseni na ngitili, mzee mmoja wa kijiji akituongoza. Kwenda karibu sote ni bora kuliko kwenda mbali nusu yetu.

Najua wako watakaosema kuwa kutembea mashambani si safari, kwa kuwa mashamba tunayaona kila siku. Nawajibu kwamba majivu ya volkano nayo tuliyaona siku nzima, wala hatukuyajua.

Hayo ndiyo maoni yangu. Aliye na mengine na ayaandike katika gazeti la muhula ujao, nami nitayasoma kwa furaha.

Mwanafunzi, Kidato cha Nne