JINA LA MTOTO WA KIUME: NANI ANA HAKI YA KULICHAGUA?



Siku hizi kuna maneno mengi katika nyumba zetu juu ya majina ya watoto. Mtoto wa kiume akizaliwa, baba na mama wanataka jina jipya, jina ambalo hakuna mtu wa ukoo aliyepata kuitwa. Wanamwita Plamedi, Glody, Gradi, Merdi. Wengine wanakata kipande cha jina la baba na kipande cha jina la mama, wanaviunga pamoja, wanapata jina la tatu. Wazee wanakasirika. Nkambo anauliza: "Huyu ni nani? Amekuja kwa jina la nani?" Vijana wanajibu kwamba mambo ya zamani yamepita. Ugomvi unaingia nyumbani, wajomba wanaitwa, na mtoto anakaa majuma mengi bila jina, anaitwa "bebe" tu.

Gazeti hili ni la watu waliodai uhuru. Kwa hiyo hatuwezi kunyamaza na kusema kwamba hilo ni shauri dogo la nyumbani. Tunasema mawazo yetu wazi. Wazazi wana haki ya kutunga jina jipya, na mtu yeyote asiwakataze. Lakini haki hiyo ina deni lake: anayetunga jina lazima aweze kumweleza mtoto maana yake, tena asilitumie kumfichia mtoto asili yake.

Tuanze na haki, kusudi wote tukumbuke tumetoka wapi.

Wakati wa Wabeleji, mtu akiingia kazi ya Union Minière alipewa namba. Mshahara ulifuata namba, posho ilifuata namba, nyumba ya kambi ilifuata namba. Jina alilopewa na baba yake lilikuwa neno ambalo karani aliandika namna alivyolisikia, leo hivi, kesho vingine. Tangu mwaka wa 1928 hivi, kompani ilianza kukalisha wafanyakazi pamoja na wake na watoto wao, na watoto wengi wakazaliwa katika maternite za kambi. Hapo mtoto alimkuta padri anamngoja na jina la mtakatifu. Sheria ya Kanisa ya mwaka wa 1917 ilimwagiza padri aangalie kila anayebatizwa apewe jina la Kikristo. Ndivyo mtoto wa mchimba shaba alivyokuwa Albert au Gaston, na nkambo wake alijifunza kulitamka kwa shida.

Uhuru ulifika tarehe 30 Juni 1960. Tulifikiri sasa kila baba na kila mama watachagua. Haikuwa hivyo. Mwaka wa 1971 Mobutu aliigeuza nchi kuwa Zaïre. Mwanzo wa mwaka wa 1972 alilitupa jina lake la Joseph-Désiré, akajiita Sese Seko Kuku Ngbendu wa za Banga, na raia wote wakaamriwa kufanya namna hiyo. Padri ambaye angembatiza mtoto kwa jina la kigeni alitishwa kifungo. Kardinali Malula alipinga, na mwaka ule wa 1972 ikambidi akae Roma miezi michache mbali na watu wake. Makarani walifuta majina ya ubatizo katika vitabu na kuandika jina lingine nyuma ya jina, ndilo lile wanaloita postinomu.

Hatukatai kwamba kulikuwa na wema. Majina ya wakubwa wetu yalirudi kwenye karatasi za Leta, na mtu hakuona haya tena kuitwa Ilunga au Mutombo mbele ya mzungu. Lakini jina zuri likitolewa kwa amri linafanana na namba. Mkubwa mmoja alichagua badala ya mamilioni ya wazazi. Ndiyo sababu tangu mwaka wa 1990, amri ile ilipolegea, watu walirudia majina ya ubatizo kwa wingi.

Hata pahali petu hapakupona. Mwaka wa 1966 Elisabethville iliitwa Lubumbashi na Jadotville iliitwa Likasi. Union Minière ilinyang'anywa mali zake mwaka wa 1967, ikaja kuitwa Gécamines. Katanga iligeuka Shaba, ikarudi Katanga mwaka wa 1997. Mtu aliyezaliwa Jadotville mwaka wa 1955 ana mji wa majina mawili, jimbo la majina mawili, na yeye mwenyewe ana majina mawili. Kila mara aliyechagua alikuwa mtu mwingine.

Basi mzazi wa leo ambaye anakaa na mwenzake usiku, wanatafuta jina la mtoto wao bila bwana wa kambi, bila padri, bila amri ya mkubwa, anatumia uhuru uliolipwa kwa bei kali. Hata Kanisa lenyewe limelegeza: sheria yake ya mwaka wa 1983 inataka tu jina lisilopingana na moyo wa Kikristo. Kama Kanisa limeacha kulazimisha, mjomba analazimisha kwa mamlaka gani?

Wazee wetu wanasema: "Jina halitungwi, jina linarithiwa." Tunawaheshimu, lakini tunawakumbusha kwamba nusu ya majina wanayoyapenda yalitungwa kwa kutazama jambo lililotokea. Mtoto alizaliwa na kitovu kimemzunguka shingoni, Waluba wakamwita Mujinga, maana yake amezungushiwa. Mtoto alifuata mapacha, Wabemba wakamwita Chola. Majina haya hayakushuka kutoka mbinguni. Kuna siku moja mzazi wa kwanza aliyasema, na pengine siku ile nkambo wake naye alinung'unika.

Tena watazame watu wakubwa wa nchi. Yule mtoto aliyezaliwa Onalua, katika Sankuru, mwaka wa 1925, hakupewa na wazazi wake jina la Patrice Lumumba. Alipewa jingine, na hili alilichukua baadaye. Alipouawa hapa Katanga tarehe 17 Januari 1961, dunia nzima ililia kwa jina ambalo hakuzaliwa nalo. Jina lililochukuliwa linaweza kuwa zito kuliko jina la kurithi. Uzito wake unatoka katika matendo ya mwenye nalo.

Wengine wanasema kwamba Plamedi na wenzake ni majina ya wazungu. Si kweli. Plamedi limetoka katika maneno ya Kifaransa yanayosema mpango wa ajabu wa Mungu. Glody ni utukufu kwa Mungu. Gradi ni neema ya Mungu. Lakini nani alikata maneno haya na kuyaunga hivi? Ni mama na baba wa Kongo, katika nyumba za Kongo, katika vikundi vya sala vya Kongo. Mbao ni za Kifaransa, seremala ni Mkongo. Sheria ya jamaa ya mwaka wa 1987 ilisema majina yachotwe katika urithi wa nchi, wala yasiwe ya matusi au ya kumdharau mtu. Sisi tunasema kwamba kitu kilichotungwa na watu wetu kwa kumshukuru Mungu kimekwisha kuingia katika urithi huo.

Sasa tuje kwenye deni.

Deni la kwanza ni maana. Siku moja mtoto atarudi kutoka masomo na kuuliza: "Baba, jina langu maana yake nini?" Mzazi anayejibu "Nililisikia katika filamu" au "Lilikuwa zuri mdomoni" amempa mtoto nguo bila mfuko. Wengine wanachukua jina la mchezaji wa mpira. Tunampenda Trésor Mputu, aliyekuwa nahodha wa TP Mazembe, na tulipiga kelele kwa magoli yake kama ninyi. Lakini Trésor maana yake hazina. Waliomzaa waliona hazina yao wenyewe. Wewe ukimwita mwanao Trésor kwa sababu amekuwa hazina yako, ni vema. Ukimwita kwa sababu ya goli, jua kwamba goli lile halikuwa la mtoto wako.

Deni la pili ni sikio. Jina lisemeni kwa sauti mbele ya kuliandika, kwa Kiswahili, kwa lugha ya nkambo, na kwa Kifaransa. Merdi limetungwa kwa moyo safi kabisa, maana yake ni asante Mungu. Lakini likifika katika sikio la Mfaransa linasikika karibu sana na tusi. Mwenye jina hilo hana kosa, na anayemcheka ndiye mwenye aibu. Hata hivyo mzazi anayetafuta jina leo anaweza kumwepusha mtoto na kicheko hicho kwa kubadili herufi moja.

Deni la tatu ni zito zaidi, na hapa tunaomba mtusikilize vizuri. Kuna wazazi ambao hawatafuti uzuri. Wanatafuta jina lisilo na kabila. Baba ametoka Kasai, mama ni Mubemba au Musanga, na wanasema: "Tumwite jina ambalo hakuna mtu atajua ametoka wapi." Hatuwacheki. Tunajua hofu yao imezaliwa wapi. Mwaka wa 1992 na wa 1993, watu wa asili ya Kasai walifukuzwa Likasi na Kolwezi. Wafanyakazi wa Gécamines na wa reli, watu waliozaliwa hapa, walilala stesheni pamoja na watoto wao wakingoja treni, na wengi walikufa kwa njaa na magonjwa. Wakati ule jina peke yake lilitosha kumhukumu mtu. Aliyeitwa Mbuyi hakuulizwa amefanya kazi miaka mingapi.

Mzazi aliyeona mambo hayo, au aliyesimuliwa, akitaka kumkinga mwanawe, nani atamlaumu? Lakini tunamwambia: jina la Mbuyi halikumkosea mtu. Waliokosa ni wale waliosoma jina na kuona adui. Tukificha majina yetu yote, tumewakubalia kwamba majina yalikuwa na hatia. Tena jina jipya halitamficha mtoto muda mrefu. Anayetaka kufukuza watu atauliza jina la baba, na jina la baba wa baba.

Na tazameni ajabu hii. Kwa Waluba wa Kasai, mapacha wanaitwa Mbuyi na Kabanga. Kwa Waluba wa Katanga, wanaitwa Kyungu na Kabange. Kabanga na Kabange! Watu waliofukuzana walikuwa wanaita watoto wao jina lile lile, tofauti ni mlio mmoja mwishoni. Mtoto anayejua hivyo ana ngao bora kuliko mtoto ambaye jina lake halina mahali.

Kwa hiyo shauri letu ni hili. Hapana sababu ya kugombana, maana karatasi yetu ya Kongo ina nafasi. Jina la mtu linaweza kuwa na sehemu mbili au tatu. Wazazi watunge jina jipya, na pembeni yake waweke jina la mkubwa mmoja wa ukoo, wa upande wa baba au wa mama. Mtoto awe Plamedi Kabange, awe Glody Mutombo. Hivi nkambo anapata majina wake, na vijana wanapata jina lao.

Kisha wakubaliane namna moja tu ya kuliandika, wasiibadili. Glody na Glodi kwa masikio ni jina moja. Kwa karani wa pensheni, kwa mwalimu anayeandika diploma, kwa hakimu wa urithi, ni watu wawili. Wafanyakazi wa mine wanajua vizuri kuliko wote maana ya herufi moja iliyokosewa katika dosie. Basi mwende kwa eta-sivili ya komini mbele ya siku 90 kupita, kama sheria ya mwaka wa 2009 juu ya ulinzi wa mtoto inavyoagiza. Wakati karani anaandika, simameni karibu, msome kila herufi. Likiisha kuandikwa, haligeuzwi bila ruhusa ya hakimu, na safari ya kwa hakimu inakula mshahara.

Wazee wapendwa, acheni vijana watunge. Vijana wapendwa, tungeni kitu mnachoweza kukieleza. Tulipewa namba, tukapewa watakatifu tusiowajua, tukapewa amri. Sasa zamu ni yetu. Mwanaume huyu mdogo atalibeba jina lake mpaka kazini, mpaka siku ya ndoa, mpaka kaburini. Mpeni jina ambalo akiulizwa mbele ya watu atalisema kwa sauti, na baada ya jina lake atasema na la nkambo wake bila kuogopa mtu.