Filamu za Bonde Letu na Deni kwa Wanamuziki

Mwaka 2005, filamu ya The Constant Gardener, iliyopigwa picha Kibera na kandokando ya Ziwa Turkana, iliisikilizisha dunia sauti ya Mkenya Ayub Ogada. Aliimba kwa Kijaluo juu ya nyuzi za nyatiti wimbo wake Kothbiro, yaani "mvua inakuja". Mtunzi mkuu wa muziki wa filamu hiyo, Mhispania Alberto Iglesias, aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Lakini sauti iliyonibakia mimi ni ya Ogada. Alifariki Februari 2019, na jina lake lingali likitajwa.

Hapa Ifakara pia kamera hufika: kwa ajili ya mpunga, malaria na mafuriko ya Kilombero. Katika filamu fupi nilizozitazama, mkulima huvuka maji huku kinanda kisicho na mwenyewe kikilia chinichini. Sangula ya Wapogoro haisikiki. Ikisikika, wapigaji hawatajwi.

Naliona hili kuwa suala la haki kabla ya kuwa suala la ufundi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mtunzi na mtumbuizaji pia. Basi mtumishi wa umma anayesaini mkataba wa filamu kwa fedha za wananchi aongeze kifungu kimoja: mwanamuziki wa mahali hapo ashirikishwe, alipwe na atajwe. Nanyi wanafunzi, filamu ikiisha msiinuke. Someni majina, kisha muulize ni nani aliyeachwa.