Uwanja wa kijiji ni mali, uandikwe

Ukimuuliza mkulima wa Ulemo, wilayani Iramba, kijiji chake kina mali gani, atakutajia shule, zahanati na kisima. Ni nadra autaje uwanja: ule wa mpira, wa gulio, au penye mti wa kivuli panapofanyika mikutano. Kwa kuwa hauna bati wala mlango, huonekana ni ardhi isiyo na kazi. Leo mmoja ataomba kipande ajenge kibanda, mwaka unaofuata mwingine, na hatimaye uwanja umekwisha.

Tupige hesabu. Penye nafasi, mkulima wa alizeti hukutana na wanunuzi kadhaa, hulinganisha bei na kupimiwa mzigo mbele ya watu. Nafasi ikibanwa, gulio husogea barabarani au hufa kabisa, na mkulima hubaki kumsubiri mchuuzi amfuate nyumbani na bei aliyoipanga mwenyewe. Mama wa vitunguu hukosa pa kutandika turubai, vijana hukosa pa kuchezea, wazee hukosa kivuli. Hasara hiyo haimo katika daftari lolote, lakini tunailipa.

Kinga ipo. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya 1999 inaigawa ardhi ya kijiji katika mafungu matatu: ya matumizi ya wote, ya watu binafsi na familia, na ile inayoweza kugawiwa baadaye. Ardhi ya wote huidhinishwa na Mkutano Mkuu wa Kijiji, huandikwa katika rejista ya Halmashauri ya Kijiji, na hagawiwi mtu binafsi.

Hata hivyo, rejista haifagii uwanja. Hapa hapa mkoani Singida, vijiji vinavyouzunguka msitu wa Mgori vilianza kuusimamia vyenyewe katika miaka ya 1990, kwa sheria ndogo na walinzi wao. Uwanja ni mdogo kuliko msitu, ila kanuni ni ileile: mipaka ijulikane, iwepo kamati ya kuutunza, ipandwe miarobaini pembezoni, na kijiji kikubaliane na halmashauri ya wilaya ili sehemu ya ushuru wa gulio irudi kujenga choo na kuzoa taka.

Ndugu mkulima, ndugu mfanyabiashara, katika Mkutano Mkuu ujao simama uulize swali moja tu: uwanja wetu umeandikwa? Kama bado, uandikwe kabla hajatokea wa kuuomba.