JE, MAJI HUKUMBUKA?

Mwanafunzi mmoja wa Kabambare ametuletea swali. Amesikia ya kuwa maji hutunza habari za kila kitu kilichoyagusa, na ya kuwa siku moja wenye elimu watateka maji ya Luama au ya Lualaba na kusoma humo mambo ya babu zetu. Anauliza: hiyo ni elimu ya kweli, au ni hadithi tu?

Swali hili si la mzaha. Katika nchi nyingi wako watu wauzao dawa iliyozimuliwa kwa maji hata haikubaki dawa yo yote ndani yake, nao husema maji yangali yakiikumbuka. Mzazi akimnywesha mtoto mwenye homa maji ya namna hiyo na kuiacha zahanati, kosa lake laweza kuishia makaburini. Basi na tujibu kwa utaratibu.

Mwaka 1988 mtaalamu wa Ufaransa, Jacques Benveniste, alitangaza katika gazeti la elimu liitwalo Nature ya kuwa kitu fulani kilizimuliwa mara nyingi mno, hata isibaki chembe yake moja, na bado maji yale yaliamsha chembe za damu. Mhariri wa gazeti hilo, John Maddox, akaenda mwenyewe na wenzake wawili kutazama. Wakaficha alama za vichupa, wapimaji wasijue kipi kina maji matupu na kipi kina yale mengine. Papo hapo ajabu ile ikatoweka. Kumbe jicho huona upesi lile ambalo moyo unatamani kuliona! Nasi twajua ya kuwa chembe za maji hushikana na kuachana mara nyingi mno kabla mtu hajafumba jicho. Maji hayana mahali pa kuandika.

Lakini tusiseme ya kuwa maji hayachukui cho chote. Chini ya ziwa la Tanganyika, ambalo maji yake hutoka kwa mto Lukuga na kuingia Lualaba, matope hutua polepole, tabaka juu ya tabaka. Kule kilindini hakuna hewa ya kuwapa uhai wanyama wa kuyavuruga. Wataalamu huyatoa kwa mabomba marefu, wakasoma humo miaka ya mvua na miaka ya ukame ya zamani sana. Angalieni, hapo matope ndiyo yaliyotunza habari, wala si maji. Maji yalikwisha kwenda zao.

Sasa twende Nyangwe, kaskazini ya Kasongo, ukingoni mwa Lualaba. Tarehe 15 Julai 1871 ilikuwa siku ya soko, na wanawake wengi walikuwa wamekuja na vitu vyao. Watu wa wafanya biashara ya watumwa na pembe wakawapiga bunduki. Watu wakakimbilia mitumbwi, mitumbwi ikazama, wengi wakafa maji. Wafanya biashara wenyewe walikisia waliokufa kuwa kati ya 330 na 400. Mto uliwapokea, ukaendelea na safari yake. Ukiteka maji ya Lualaba leo, hutapata humo jina la mama hata mmoja.

Twajuaje basi? David Livingstone, ambaye kabla ya hapo alikaa Kabambare muda mrefu akiugua vidonda vya miguu, alikuwako sokoni siku ile. Karatasi zilikuwa zimemwishia, akaandika juu ya magazeti ya zamani kwa wino wa mbegu za mti. Wino ule ulififia hata maandiko yakawa hayasomeki vizuri. Mwaka 2011 wataalamu waliyapiga picha kwa mianga ya rangi mbalimbali, na maneno yakaonekana tena. Karatasi dhaifu ilishinda mto mkubwa, kwa kuwa mtu mmoja aliona na kuandika. Hata hivyo hakuandika majina ya wale akina mama. Majina hayo walikuwa nayo watu wa nyumbani mwao tu.

Hata mbele ya kisima cha ubatizo mambo ni hayo. Padri akiyabariki maji, Kanisa hutaja gharika ya Nuhu, Bahari ya Shamu na mto Yordani. Maji hayakumbuki, ni sisi tunaokumbuka mbele yake. Maji hukauka katika paji la mtoto, lakini alama ya roho haifutiki kamwe, na jina lake huandikwa katika kitabu cha parokia.

Wazee wetu husema: mali bila daftari hupotea bila habari. Je, si zaidi watu? Jamaa nyingi za Kasongo na Kabambare zilikimbia katika vita, na kadi za ubatizo zikapotea njiani. Wasikate tamaa. Kanuni ya 876 ya sheria ya Kanisa yakubali, pale pasipo na hatari ya kumdhuru mwingine, ushuhuda wa mtu mmoja mwaminifu, au kiapo chake yeye mwenyewe kama alibatizwa akiwa mtu mzima. Lakini shahidi huzeeka, naye hufa.

Kwa hiyo ninyi wanafunzi, jioni ya leo chukueni daftari moja. Keti karibu na bibi yako, umwulize majina ya wazazi wake, kijiji walichozaliwa, mahali walipozikwa, na nani alimsimamia katika ubatizo. Andika, naye akusahihishe. Usingoje likizo ijayo. Mto hautakusimulia habari hizo, na bibi hatakuwako siku zote.