Umeme Nao Wahitaji Kikosi cha Akiba

Hivi majuzi, katika gombolola ya Lunyo, kusini mwa wilaya ya Busia, askari polisi mmoja aliniuliza swali ambalo nimelisikia pia katika makambi ya jeshi. "Afande," alisema, "ikiwa Karuma imekwisha kuwaka, ile mitambo ya mafuta ya Tororo ni ya nini tena? Si kula fedha za wananchi bure?"

Swali hilo ni la haki, kwani askari naye ni mlipa kodi. Lakini jibu lake kila askari amekwisha kufundishwa tangu ukuruta, ingawa hakufundishwa kwa jina la umeme.

Yafaa kwanza tuipime mitambo yenyewe. Mtambo wa maji hugeuza takriban sehemu 90 katika kila 100 za nguvu ya maji kuwa umeme. Injini kubwa ya mafuta mazito hupata sehemu 40 na kitu tu za joto la mafuta yake. Zilizobaki hupotea kwa moshi na joto. Paneli za jua hupata kama sehemu 20 za mwanga uziangukiao. Hata hivyo, hasara hizi si sawa. Mwanga unaopotea haukununuliwa na mtu, bali mafuta yanayopotea yamelipiwa kwa fedha za kigeni, nayo husafirishwa masafa marefu toka pwani hadi kutufikia.

Kwa kipimo hicho maji ndiyo mshindi, wala sibishi. Lakini hebu tazameni ramani. Nalubaale, iliyofunguliwa mwaka 1954 kwa jina la Owen Falls, iko juu ya Mto Naili. Kiira iko papo hapo. Bujagali ya mwaka 2012, Isimba ya mwaka 2019 na Karuma yenye megawati 600, iliyozinduliwa rasmi mwaka 2024, zote ni za mto huo huo mmoja. Mabwawa hayo matano yana uwezo wa zaidi ya megawati 1,400, na yote hutegemea maji yatokayo Ziwa Victoria. Ni kamanda gani atakayekubali chakula na risasi za brigedi nzima zipitie daraja moja, kwa sababu tu njia hiyo ndiyo fupi na rahisi?

Mambo haya si ya kubuni. Katika miaka ya 2005 na 2006 maji ya ziwa yalipungua, kwa ukame na kwa maji mengi kupitishwa mabwawani. Umeme wa Jinja ukaanguka, mgao ukaingia mijini, na Serikali ikalazimika kukodi jenereta za dizeli kwa haraka na kwa bei ya juu. Mwezi Aprili 2020 shida ilikuwa kinyume chake: maji yalijaa, na kisiwa cha mafunjo kinachoelea kikaziba njia ya maji ya mitambo ya Jinja, taifa likaingia gizani. Mwezi Agosti 2022 maji yalivamia jumba la mitambo la Isimba, na kituo kizima kikasimama kwa majuma kadhaa.

Hapo ndipo Tororo inapoonekana thamani yake. Mji huo una mitambo ya namna mbili. Ya mafuta mazito, iliyoanza kazi mwaka 2010, ni ya gharama kubwa, lakini huamka kwa dakika chache, wala haiulizi kama mvua imenyesha. Ya jua, yenye megawati 10, iliwashwa mwaka 2017 baada ya ujenzi wa miezi tu, ilhali Karuma ilichukua miaka 11 tangu jiwe la msingi lilipowekwa mwaka 2013. Kasoro ya jua twaijua sote: usiku hulala. Megawati 10 za paneli, zikigawanywa kwa saa zote za mchana na usiku, hazifiki megawati mbili.

Jirani zetu wa Kenya walionja mgao mkali wakati wa ukame wa mwaka 2000, kwa kuwa nao walitegemea mno mabwawa. Tangu wakati huo wamezidisha sana mvuke wa ardhini wa Olkaria, ambako mtambo wa kwanza uliwashwa mwaka 1981. Mvuke huo hutoa chini ya sehemu 20 za joto lake kuwa umeme. Kwa mizani ya ufanisi ungedharauliwa. Kwa mizani ya lindo, hausinzii usiku wala kiangazi.

Basi, je, kulipia mtambo unaokaa kimya ni kula fedha bure? Sivyo. Hakuna anayeivunja kombania ya akiba kwa kuwa haijapiga risasi mwaka mzima. Lakini namuunga mkono askari wa Lunyo katika jambo moja: akiba iwe na kipimo. Akiba iliyozidi haja ni mzigo kwa mwananchi, na akiba isiyofanyiwa mazoezi si akiba. Mwezi Agosti 2023 umeme ulipokatika nchini Kenya, jenereta ya baadhi ya majengo ya abiria katika uwanja mkuu wa ndege wa Nairobi haikuwaka, abiria wakabaki gizani.

Nasi tusicheke, bali tuanze na vituo vyetu wenyewe vya mpakani. Ni vingapi vinavyowasha jenereta usiku kucha kwa ajili ya redio, taa chache na simu? Tuseme mashine ya kilowati tano yabeba mzigo wa nusu kilowati. Itakunywa kama lita moja kwa saa. Kwa saa 12 ni lita 12, na kwa mwezi ni lita 360. Mbaya zaidi, injini ya dizeli ikifanya kazi nyepesi mno kwa muda mrefu hujaa masizi na kufa kabla ya wakati wake.

Rai yangu ni hii. Kazi ya kila siku ya kituo kidogo ifanywe na paneli za jua na betri zake, na jenereta irudishwe katika nafasi yake ya akiba. Iwashwe kila juma kwa mzigo wa kutosha, mafuta yake yapimwe, na yote yaandikwe katika daftari la zamu. Betri nazo zitunzwe na fedha za kuzibadilisha zitengwe mapema, maana vituo vingi vya jua hufa kwa betri, si kwa paneli.

Ndugu wapiganaji na askari polisi, mtambo hausifiwi kwa ufanisi peke yake, wala haulaumiwi kwa bei peke yake. Huulizwa umepewa lindo gani. Maji na yabebe mzigo mkubwa wa taifa, jua lipunguze mafuta ya mchana, na injini za Tororo zisubiri amri zikiwa safi. Siku Naili itakapotetereka tena, hatutakuwa na muda wa kuanza kutafuta akiba.