Akili Hucheza, Mwili Hulipa

Ukipita Mambrui, Gongoni au Marafa huko Magarini saa za alasiri, si ajabu kuwakuta wazee wamelizunguka bao, kete mkononi na kahawa chungu kando. Ukiwauliza, watakwambia huo ni mchezo wa akili, hauna madhara kwa mwili. Nawe msomaji uliyeko Mombasa au Nairobi, ambaye mtoto wako anafunzwa sataranji shuleni, huenda unajiliwaza kwa maneno hayo hayo: heri sataranji kuliko kandanda, maana hatavunjika mguu.

Kwa maoni yangu, dhana hiyo ni ya hatari. Mchezo wa akili huchezwa na mwili mzima, na wanaolijua jambo hili kutushinda sote ni wale ambao sataranji ndiyo kazi yao.

Chukua mfano wa Anatoly Karpov. Mnamo Septemba 1984, akiwa bingwa wa dunia, alianza kupambana na Garry Kasparov mjini Moscow. Sharti lilikuwa kwamba atakayetangulia kushinda michezo sita ndiye bingwa. Miezi mitano baadaye walikuwa wamecheza mara 48 na kutoka sare mara 40. Karpov aliongoza kwa 5 dhidi ya 3, lakini alikuwa amekonda mno. Inasemekana alipungua takriban kilo 10. Februari 15, 1985, rais wa shirikisho la sataranji duniani, FIDE, Florencio Campomanes, alilivunja pambano hilo akitaja uchovu. Baada ya hapo, mapambano ya ubingwa yaliwekewa kikomo cha michezo.

Hata hivyo, usidanganywe na habari zinazoenezwa kwamba mchezaji wa sataranji huchoma kalori 6,000 kwa siku. Ni kweli kwamba ubongo hutumia karibu asilimia 20 ya nguvu za mwili uliopumzika, lakini kufikiri kwa bidii huongeza kidogo tu. Yanayommaliza mchezaji ni mambo unayoyafahamu vyema: wasiwasi unaoupeleka moyo mbio na kupandisha shinikizo la damu, kula ovyo, kukosa usingizi, na kukaa saa nne au tano kitini, siku baada ya siku.

Kwa sababu hiyo mabingwa hufanya mazoezi. Bobby Fischer wa Marekani alijiandaa kwa pambano la Reykjavik la mwaka 1972 kwa kuogelea na kucheza tenisi. Magnus Carlsen wa Norway, aliyekuwa bingwa kuanzia 2013 hadi 2023, ni mpenzi mkubwa wa kandanda na mazoezi ya viungo.

Afya ya akili nayo haisazwi. Ding Liren wa Uchina alitwaa ubingwa mwaka 2023, kisha akapumzika kwa muda na kusema waziwazi kwamba alisumbuliwa na sonona na ukosefu wa usingizi. Desemba 2024, mjini Singapore, alishindwa na Gukesh wa India, kijana wa miaka 18 ambaye katika maandalizi yake alimtumia mkufunzi wa mambo ya saikolojia, Paddy Upton. Ikiwa bingwa wa dunia hakuona haya kusema anaugua, kwa nini mwanafunzi wetu aambiwe ajikaze tu?

Hapa Afrika Mashariki somo letu kubwa limetoka Katwe, mtaa wa mabanda jijini Kampala. Phiona Mutesi alifika kwenye darasa la sataranji la Robert Katende akitafuta kikombe cha uji. Mwaka 2010 aliiwakilisha Uganda katika Olimpiadi ya sataranji nchini Urusi, na mwaka 2016 maisha yake yakatolewa filamu. Wengi hukumbuka filamu na kuusahau uji. Mtoto mwenye njaa hawezi kutulia mbele ya ubao. Wanaoanzisha vilabu vya sataranji katika shule za Magarini, ambako ukame huwapiga watu mara kwa mara, waanze na sufuria ya uji kabla ya kununua kete.

Jambo lingine ni riziki. Duniani ni wachezaji wachache sana wanaoishi kwa zawadi za mashindano. Hapa Kenya wachezaji wengi wazuri ni wanafunzi au watu wenye ajira nyingine, na baadhi huchezea timu za waajiri kama benki ya KCB. Basi mzazi, usimtwike mwanao ndoto ya kuikimu familia kwa sataranji. Mzigo huo humnyima mtoto usingizi kuliko mchezo wenyewe.

Sasa turudi kwa wazee wetu. Fundi wa bao ni bingwa kama bingwa mwingine yeyote: hukumbuka kete 64 katika mashimo 32 na kuona mbele hatua nyingi. Mtafiti Alexander de Voogt aliandika tasnifu yake ya mwaka 1995 kuhusu umahiri huo. Lakini hakuna anayemwambia fundi huyo ainuke anyooshe miguu, apimwe shinikizo la damu, au apunguze sukari katika chai.

Tena wapo wanaotafuna muguka ili wawe macho. Wajue kwamba kathinoni, kemikali iliyomo ndani yake, imo katika orodha ya vichangamsho vilivyopigwa marufuku michezoni, na FIDE hupima wachezaji wake dawa.

Je, bao huzuia maradhi ya usahaulifu uzeeni? Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2003 ulionyesha kwamba wazee waliocheza michezo ya ubao, kusoma au kucheza dansi hawakupatwa sana na maradhi hayo. Hilo halithibitishi kwamba mchezo ndio uliowakinga. Shinikizo la damu, kisukari, uvutaji sigara na kukaa bila mazoezi huongeza hatari, na bao pekee haliyaondoi.

Lakini baraza la bao lina faida moja kubwa. Wachezaji wenzake ndio watakaotambua mapema kwamba mzee ameanza kusahau zamu yake au kuchanganya mashimo. Katika kaunti ya Kilifi, ambako wazee wameuawa kwa kushukiwa uchawi, utambuzi huo unaweza kuokoa maisha. Mzee aliyebadilika apelekwe hospitalini, asinong'onwe kijijini.

Msomaji, sikwambii umzuie mtu kucheza. Shirika la Afya Duniani hupendekeza mtu mzima afanye angalau dakika 150 za mazoezi ya wastani kwa wiki, na mtoto dakika 60 kila siku. Basi kila baada ya mchezo mmoja, wachezaji wainuke, watembee na kunywa maji. Mwalimu wa sataranji awakimbize watoto uwanjani kabla ya kuwakalisha. Nawe utakapompigia simu baba huko Magarini, usimuulize tu nani kamfunga nani. Muulize mara ya mwisho alipimwa shinikizo la damu lini.