Mkono Unaopokea na Mdomo Unaohubiri

Naandika kutoka Don Mills, Toronto.

Naomba nianze kwa kuungama. Miaka michache iliyopita kanisa la kijijini kwetu liliitisha harambee ya mabati. Sisi wa huku tukachangishana dola zetu tukatuma. Siku yenyewe ilipofika, mgeni wa heshima alikuwa mwanasiasa, na kwa dakika tano akatoa pesa nyingi kuliko sisi sote kwa jumla. Akapewa kipaza sauti, akawasimanga wapinzani wake mbele ya madhabahu, waumini wakapiga makofi. Mimi nikatazama picha za paa jipya nikafurahi. Sikuuliza neno. Leo nauliza: bwana yule akikosea kesho, nani pale atamkemea?

Kilichonizindua ni maandishi ya kale. Wachungaji wa zamani wa Kipresbiteri waliandika mengi kuhusu dini na serikali, na maandishi yao yamechapishwa upya mara nyingi. Mmoja ni Samuel Rutherford wa Uskoti. Mwaka 1644 alitoa kitabu Lex, Rex, akisema kwamba mamlaka hutoka kwa Mungu yakapitia kwa watu hadi kwa mfalme, kwa hiyo mfalme yuko chini ya sheria kama mwananchi mwingine yeyote. Ufalme uliporudishwa mwaka 1660, kitabu hicho kikachomwa moto hadharani Edinburgh. Mwenyewe akaitwa kujibu mashtaka ya uhaini, lakini akafariki mwaka 1661 kabla ya kuhukumiwa.

Mwingine ni John Witherspoon, Mskoti aliyehamia Amerika mwaka 1768 kuongoza chuo cha Princeton. Mwezi Mei 1776 alihubiri akitetea haki ya makoloni kujitawala, na mwaka huohuo akatia sahihi Azimio la Uhuru wa Marekani. Ndiye mchungaji pekee aliyekuwa akihudumu kanisani kati ya waliotia sahihi.

Tusidanganyane, wazee hawa hawakuwa malaika. Rutherford huyohuyo alipinga uhuru wa dhamiri kwa wenye imani tofauti na yake. Witherspoon aliyehubiri uhuru alimiliki watumwa. Tuwasome, lakini kwa macho yaliyo wazi.

Jambo ninalolichukua kwao ni moja. Tumezoea kusikia watawala wetu wakisema dini isichanganywe na siasa. Wanachomaanisha ni kwamba mchungaji anyamaze. Lakini kwa wazee wale, kutenga kanisa na serikali kulikuwa na maana kinyume kabisa. Mfalme asiingize mkono wake kanisani, ili kanisa libaki na mdomo wa kumwambia mfalme ukweli.

Na kanisa likiingia mfukoni mwa serikali inakuwaje? Sihitaji kwenda mbali. Hapahapa Don Mills, kwenye barabara ya Wynford Drive, ndipo Kanisa la Presbiteri la Kanada lilipoweka ofisi zake za kitaifa. Kanisa hilo, pamoja na mengine, liliendesha shule za bweni za watoto wa wenyeji asilia kwa pesa na sera ya serikali. Watoto walitengwa na wazazi wao, wakakatazwa lugha zao, na wengi waliteswa. Mwaka 1994 kanisa hilo lilikiri makosa yake hadharani na kuomba msamaha. Lilifanya vyema kukiri. Lakini fikirini, ndugu zangu: walioendesha shule zile walikuwa watu wa sala. Walikuwa wamegeuka mkono wa serikali, na mkono haukaripii kichwa.

Sasa turudi kwetu. Waskoti walifika Kikuyu mwaka 1898, na jina la Thogoto limetokana na nchi yao. Walituletea Injili, shule na hospitali, lakini pia walikuja chini ya kivuli cha mkoloni. Hata hivyo ile mbegu ya Rutherford haikufa. Mwaka 1955, wakati wa Hali ya Hatari, Mchungaji David Steel wa St Andrew's, Nairobi, alisimama mimbarini akaikosoa serikali ya kikoloni, na mahubiri yake yakasikika redioni. Alikuwa Mzungu akiikemea serikali ya Wazungu.

Kisha akaja Mchungaji John Gatu, Katibu Mkuu wa PCEA. Mwaka 1971, akiwa Milwaukee, Marekani, aliwaambia wamisionari wasitishe kutuma watu na pesa kwa muda usiopungua miaka mitano, ili makanisa ya Afrika yasimame kwa miguu yao. Wengi walidhani amerukwa na akili. Nani hukataa msaada? Lakini Gatu alijua kwamba anayekulipia ndiye anayekupangia la kusema. Ndiyo maana neno jitegemea limeshikamana na PCEA hadi leo.

Mnaona basi alikotokea Mchungaji Timothy Njoya? Tarehe 1 Januari 1990 alihubiri Nairobi kuhusu tawala za Ulaya Mashariki zilizokuwa zikianguka, akauliza kama chama kimoja cha Afrika kitadumu. Mawaziri wakafoka. Desemba 1991 kifungu cha 2A kikafutwa na vyama vingi vikaruhusiwa. Njoya alilipa kwa mwili wake: alipigwa ndani ya Kanisa Kuu la All Saints tarehe 7 Julai 1997, na akapigwa tena nje ya Bunge mwaka 1999. Mtu anayesubiri bahasha ya mheshimiwa hawezi kuhubiri hivyo.

Kumeanza kuwa na dalili njema. Mwaka 2021 Askofu Mkuu Jackson Ole Sapit wa Kanisa la Anglikana aliwanyima wanasiasa mimbari. Novemba 2024 Askofu Mkuu Philip Anyolo wa Nairobi alikataa mchango wa Rais Ruto kwa kanisa Katoliki la Soweto. Nawapongeza, ingawa kukataa mara moja ni rahisi kuliko kujitegemea kila Jumapili.

Hapo ndipo sisi wa ughaibuni tunapoingia. Tunapenda kulaumu maaskofu tukiwa mbali, huku tukituma pesa bila kuuliza nani mwingine ameketi meza ya mbele. Nina mapendekezo mawili. Kwanza, tukitoa, tutoe kwa sharti: hesabu zisomwe mbele ya waumini wote, na mwanasiasa atoe sadaka yake kimya kama mjane, bila kipaza sauti. Pili, tuchange tukusanye na kuchapisha upya maneno ya Steel, Gatu na Njoya, kwa Kiswahili na Kikuyu, yasomwe na vijana walioandamana Juni 2024 ambao hawakuwapo Njoya alipokuwa akipigwa.

Mimi nimekwisha kuwaandikia wazee wa kanisa letu. Nimewaambia nitachangia sakafu, ila nikisikia mheshimiwa amealikwa kuhutubia, dola zangu zitabaki Don Mills. Bado hawajanijibu. Huenda wamekasirika. Lakini ni heri sakafu ya udongo yenye mchungaji huru kuliko vigae vyenye mchungaji bubu.